Mwana_Mabira256

Grupu lilianzishwa kwa ajili ya kahawa. Wakulima wa kitongoji kimoja cha kata ya Mabira, wilayani Kyerwa, walipata humo tarehe za mnada, siku ya mizani, habari za malipo yaliyochelewa na za misiba, na mara mojamoja mahubiri ya sauti ya dakika kumi na mbili ambayo hakuna aliyewahi kuyafungua. Linki ya kujiunga ilikuwa imezagaa kila mahali, maana mwenyekiti aliona tabu kuingiza watu mmojammoja.

Usiku mmoja mwishoni mwa Agosti yakajitokeza yale maandishi madogo ya kijivu: kuna mtu amejiunga kwa linki. Namba yake haikuwamo kwenye simu ya yeyote, kwa hiyo ilionekana yote, ikianza na +255, na pembeni yake kile kialama cha wimbi ambacho WhatsApp hukiweka mbele ya jina ambalo mtu amejiandikia mwenyewe: ~Mwana_Mabira256. Hakuweka picha. Hakusalimia.

Kisa hiki nimekitunga, na msomaji wa Kyerwa asisumbuke kumtafuta mtu ndani yake. Ila matendo yaliyomo ni ya kila siku, na wanaoyatenda aghalabu ni watu wema.

Wa kwanza kuuliza alikuwa kijana wa duka la dawa za mifugo. "Huyu nani?" Kimya. Baada ya dakika chache akajijibu: "256 ni Uganda."

Hapo grupu likaamka. Kaskazini mwa Kyerwa, ng'ambo ya Mto Kagera, ni Uganda. Ukivuka daraja la Murongo unaingia Kikagati. Watu wana shangazi huko, wana masoko huko, wengine wana laini za huko. Kwa hiyo 256 haikuwa namba ngeni kwa yeyote. Ngeni ilikuwa kuiona imebandikwa kwenye jina la kata yao, msimu wa mavuno, na mtu asiyesema kitu. Kahawa ya Kagera imekuwa ikivushwa kwa magendo kwa miaka mingi kila bei ya ng'ambo inapokuwa nzuri kuliko ya huku. Na kuna butura: mkulima anayebanwa na ada ya mtoto au gharama za hospitali huuza kahawa ikiwa bado ni maua mtini, kwa bei anayoitaja mwenye fedha. Serikali imeipiga marufuku, viongozi wameikemea kwenye mikutano isiyo na idadi, nayo haijaisha. Kumwita mtu wakala wa butura katika eneo lile si utani.

"Wakala huyo," akaandika mmoja. "Amekuja kuchungulia nani ana mzigo."

Mwalimu mstaafu, mtu wa kufanya utafiti kabla ya kusema, akaingia mtandaoni na kutafuta "Mabira 256". Akarudi na ushahidi: msitu wa Mabira uko Uganda, kandokando ya barabara ya Kampala kwenda Jinja. Na kweli upo, tena ni maarufu. Aprili 2007 watu waliandamana Kampala kupinga sehemu yake kukatwa ili ipandwe miwa, na damu ikamwagika. "Kwa hiyo Mabira yake si hii yetu," mwalimu akahitimisha. Hakuna aliyemuuliza mtu wa msituni Uganda angetafuta nini kwenye tarehe za mizani za hapa. Jibu lililotoka mtandaoni lilikuwa na picha na ramani, likatosha.

Wengine nao wakaja na yao. Mzee mmoja wa kanisa akajumlisha mbili, tano na sita akapata kumi na tatu, akaacha hapo bila kueleza, jambo lililotisha kuliko kama angeeleza. Fundi simu akasema 256 ni namba ya kompyuta, tena hapo alisema kweli, kwani ndiyo idadi ya alama zinazoweza kuandikwa kwa baiti moja. Kwa hiyo, akasema, hawa ni wadukuzi. Dereva wa bodaboda alidhani ni namba ya pikipiki. Ukiyasoma majibu yote kwa utulivu huoni habari hata moja ya yule mgeni. Unachokiona ni kile ambacho kila mmoja anakiogopa, na kazi anayoifanya.

Na kando ya jina, muda wote huo, iliandikwa +255.

Zipo namba zenye ufunguo, na ufunguo wake uko hadharani. Msimbo wa simu wa nchi ni mmojawapo: 254 Kenya, 255 Tanzania, 256 Uganda, 250 Rwanda. Namba ya kitambulisho cha NIDA ina tarakimu 20, na nane za mwanzo ni mwaka, mwezi na siku uliyozaliwa. Hata hizo nazo hazisemi kila kitu. Zamani ukiona namba inaanza na 075 ulikuwa na hakika ni ya Vodacom, lakini tangu Machi 2017 mtu anaweza kuhama mtandao na kubaki na namba yake ileile, na wako wengi wenye mitandao isiyofanana na namba zao.

Namba ambayo mtu amejiwekea kwenye jina ni jambo jingine kabisa. Mara nyingi haina siri yoyote. Kwenye Instagram majina mawili hayawezi kufanana herufi kwa herufi, kwa hiyo ukikuta jina lako limeshachukuliwa unaongeza namba ya kwanza inayokujia kichwani: mwaka wa kuzaliwa, chumba cha bweni, jezi. Kijana wa Nkwenda aliyezaliwa 1988 akiandika 88 mwishoni mwa jina lake, Mjerumani anaweza kushtuka, kwa kuwa kule wafuasi wa Hitler huitumia kama salamu yao ya mafumbo, herufi ya nane ya alfabeti mara mbili. Mchina akiiona atafurahi, maana kwao nane ni ya neema. Kijana mwenyewe anafikiria mwaka wake wa kuzaliwa.

Hofu ya namba si ya Kyerwa peke yake, wala si ya wasiosoma. Mwaka 2004 Nigeria ilikumbwa na uvumi kwamba kuna namba za simu ambazo ukizipokea unakufa papo hapo, na watu wakagawana orodha yake kwa ujumbe mfupi. Mashariki mwa Uganda kuna madhehebu ambayo yamekataa kuhesabiwa kwenye sensa na kuchanjiwa watoto, wakiona nyuma ya kila namba ya serikali kuna 666. Sisi hapa hatuna cha kuwacheka.

Turudi Mabira. Karibu saa nne usiku mtu mmoja akafanya jambo ambalo kila Mtanzania mwenye akaunti ya fedha za simu analijua. Aliiingiza ile namba kama anayetaka kuitumia shilingi elfu moja, akasubiri jina la mpokeaji litokee, kisha akaghairi. Yakatoka majina matatu. La mwisho lilikuwa la mzee mmoja wa kitongoji kilekile, aliyefariki miaka kadhaa iliyopita na kuacha mjane na watoto waliotawanyika mijini.

Hapo ndipo mambo yalipaswa kuisha. Walikuwa wamepata jibu, tena la kweli: mgeni ni mtoto wa jirani yao. Kama asingebandikwa jina la uwakala saa mbili kabla, mtu angeandika, "Kumbe ni kijana wetu, karibu sana, mama hajambo?" Lakini dhana ilikuwa imeshakaa kwenye kiti, na ukweli ulipofika ukaambiwa usimame pembeni. "Mnaona?" akaandika yule kijana wa dukani. "Ndiyo maana tunashindwa. Wakala ni mtoto wa hapahapa. Mzigo wanaukusanyia kwa mama yake."

Mwenyekiti akamwondoa kwenye grupu. Mtu akapiga skrinshoti jina na namba, akaandika chini yake: "Tahadhari, wakala wa butura kutoka ng'ambo, sambaza kwa wakulima wote." Wakasambaza. WhatsApp ilipunguza kusambaza ujumbe hadi watu au magrupu matano kwa mara moja, kwanza India mwaka 2018, baada ya watu kuuawa na makundi yaliyoamini ujumbe wa uongo kuhusu wezi wa watoto, kisha dunia nzima mwaka 2019. Matano kwa mkulima mwenye ndugu Kayanga, Bukoba na Dar es Salaam ni mengi ya kutosha. Na Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015 haimtazami aliyetunga peke yake: kuchapisha habari ambayo unajua ni ya uongo au ya kupotosha, kwa nia ya kudhuru au kukashifu, faini yake haipungui shilingi milioni tano, au kifungo kisichopungua miaka mitatu, au vyote viwili. Usiku ule hakuna aliyejua kuwa anasema uongo, nadhani. Walichokijua ni kwamba hawajauliza.

Asubuhi mtendaji wa kijiji akaenda kwa mjane na mgambo wawili. Mwenyekiti aliandamana nao kwa heshima, ili mambo yasiwe mabaya. Walimkuta anatandaza kahawa kwenye turubai mbele ya nyumba, akiigeuza kwa miguu, kama wanavyofanya wanawake wa kule, mstari baada ya mstari, akiokota vijiti na kuvitupa migombani. Ndani kulikuwa na magunia ya maganda. Ingia nyumba yoyote yenye kibanja mwezi huo utakuta magunia ya maganda. Kwake yakawa ushahidi.

"Mwanao yuko wapi, mama?"

"Mwanza, kiwanda cha samaki."

"Anafanya nini kwenye grupu la kahawa?"

"Nilimwomba anisomee habari za malipo. Mimi nina kitochi."

Jibu lilikuwa jepesi mno, wakalitilia shaka kwa sababu hiyohiyo. Wakampigia kijana, simu haikupokelewa. Alikuwa ametoka zamu ya usiku, na kiwandani simu huachwa getini. Alipofika kitandani aliizima akalala. Kwa mtu anayetafuta mkosaji, simu iliyozimwa ni ungamo. Mama akaambiwa aende ofisini "kutoa maelezo kidogo tu". Akaomba kwanza aianue kahawa. Akaambiwa hawatakawia.

Saa nane mchana mvua ikanyesha, ile ya kwanza ya kuchungulia vuli, kubwa na fupi. Majirani walikuwa kwenye mashamba yao wakikimbilia matandazo yao wenyewe. Kahawa ya mjane ikalowa, maji yakatuama kwenye mikunjo ya turubai, na jua lilipotoka likaichemsha. Aliyewahi kuanika robusta anajua kinachofuata: siku mbili, tatu, maganda yanakuwa meusi badala ya kahawia, unaponusa kiganja unasikia uvundo, na ukilivunja ganda unakuta ukungu mweupe umeshaingia kwenye buni.

Huwa namkumbusha mtu anayeona hili ni dogo kile kilichotokea Iringa Mvumi, wilayani Chamwino, Oktoba 2016. Watafiti wawili wa Kituo cha Utafiti wa Kilimo cha Selian cha Arusha walikwenda huko na dereva wao kuchukua sampuli za udongo. Wenyeji wakadhani ni wanyonya damu. Wakawaua wote watatu na kulichoma gari. Wale nao walikuwa wageni wenye alama walizozibeba wazi, gari la kazi, vifaa vya kazi, na kila alama ikasomwa upande wa hofu. Mjane wa Mabira alipoteza kahawa. Tofauti ni ya kiasi, na kiasi hicho hakuna aliyekipanga.

Sasa, mchana uleule, wakati mwenyekiti amekaa ofisini na simu yake ameizima sauti, mtunza hazina wa kikundi, aliyekuwa ameshika michango ya magunia, alipokea ujumbe. Picha ilikuwa ya mwenyekiti, ile aliyopiga amevaa koti kwenye harusi ya binti yake. Jina lilikuwa Mwenyekiti. "Mama, niko ofisini na hili suala la 256, siwezi kuongea. Ile hela ya magunia tuma kwenye namba hii, yangu ina tatizo. Jina litakuja la wakala wa hapa." Akatuma shilingi laki sita na nusu. Jina la mpokeaji lilipotokea hakulijua, lakini alikuwa ameshaambiwa kwamba hatalijua.

Ujumbe wa "ile hela tuma kwenye namba hii" umezunguka nchi hii hadi watoto wanautania. Katika ripoti za Mamlaka ya Mawasiliano, TCRA, za namba zilizofungiwa kwa utapeli, Rukwa na Morogoro ndiyo mikoa inayotajwa juu mara kwa mara, na mamlaka hiyo imeweka namba 15040 ya kupelekewa namba za matapeli. Mtunza hazina alikuwa anayajua yote hayo. Kilichomponza ni kwamba jina alilizoea na sura aliizoea. Kwenye WhatsApp jina la kujiandikia halizuiliwi kufanana na la mwingine. Watu elfu moja wanaweza kuitwa Mwenyekiti na wote wakaweka koti lilelile. Jioni alipompigia mwenyekiti kumuuliza kama hela imefika, wakapiga 100 pamoja, huduma kwa wateja. Fedha ilikuwa imeshatolewa.

Walipokagua orodha ya wanagrupu usiku ule, ile namba iliyojiita Mwenyekiti waliikuta humohumo. Ilikuwa imejiunga kwa linki ileile miezi miwili nyuma, ikiwa na picha ya waridi na jina Neema ya Mungu. Iliposalimia "Bwana asifiwe wapendwa", watu kumi na tisa waliitikia amina. Ilikuwa imesoma michango ya magunia yote, jina la mtunza hazina, na zogo zima la 256.

Siku ya mizani mjane alikuja na alichoweza kuokoa. Karani wa chama cha msingi ni mzee wa miwani iliyofungwa kwa uzi, hayumo kwenye grupu lolote, na bado anaandika kwenye daftari kubwa la jalada gumu kabla mtu mwingine hajaingiza kwenye mfumo. Akapima gunia la kwanza, akachomeka mkono, akanusa, akatikisa kichwa. La pili vilevile. Akakubali moja kati ya manne aliyoleta, na nusu ya jingine.

"Namba ya uanachama, mama?"

"Mbili hamsini na sita, mwanangu."

Foleni nzima ilisikia. Karani alifunua kurasa bila haraka, maana yeye hakuwa na habari ya lolote. Mstari wa 256 ulikuwa na jina la marehemu mume wake, limeandikwa kwa wino wa bluu uliopauka, na misimu mingi ya kilo mbele yake, hakuna msimu uliorukwa. Marehemu hakuwahi kuuza butura. Wazee waliokuwa kwenye foleni walilikumbuka hilo wenyewe, bila kuulizwa, wakiwa wamechelewa siku nne. Mwanawe alipoondoka kwenda Mwanza alikuwa ameshabeba magunia ya baba yake hadi kwenye mizani ile mara nyingi, akiitaja ile namba kwa karani huyuhuyu.

Mwenyekiti si mtu mbaya. Usiku huo aliandika kwenye grupu ujumbe mrefu wa kuomba radhi kwa familia, akamrudisha kijana, na wengi wakaweka alama za mikono iliyounganishwa. Kesho yake alikutana na mjane njiani.

"Mama, tumeomba radhi."

"Mmeomba wapi?"

"Kwenye grupu."

"Mwenyekiti, nilikuambia nina kitochi."

Basi ikabidi waende nyumbani kwake, wazee watano, wakae kwenye benchi na kusema kwa midomo. Aliwapa ndizi na maharage, akawasikiliza hadi mwisho, kisha akauliza magunia yake mawili na nusu yataandikwa na nani kwenye ule mstari wa 256. Waliondoka wamekubali kuchanga. Yule kijana wa dukani alitoa kiasi kikubwa kuliko wote, na alitoa akiwa amenuna.

Skrinshoti haikuweza kurudishwa. Wiki tatu baadaye ilimfikia mwenyekiti kutoka kwa binamu yake wa Dar es Salaam, ikiwa imeongezewa fuvu jekundu na maneno kwamba genge zima limekamatwa Mabira. Binamu aliuliza kama ni kweli. Mwenyekiti akakaa chini akamwandikia kila kitu, ofisi, mvua, daftari, wino wa bluu, laki sita na nusu. Ilimchukua karibu nusu saa.

Jibu likaja upesi: "Pole sana kaka. Lakini hiyo 256, kwa nini asingechagua namba nyingine?"